Mnywaji wa Finjani ya Kwanza

Katika sabla ya Sheikh Hud, hapa Ibra, hakuna aliyekunywa kahawa mpaka Humaid anywe. Sabla ni baraza ya wanaume: chumba kirefu, mazulia kutoka ukuta hadi ukuta, mito ya kuegemea, na Sheikh amekaa kichwani mwa chumba akiutazama mlango. Humaid alikaa kushotoni kwake. Dele la kahawa likiingia, mmiminaji alimimina finjani ya kwanza akampa Humaid, si Sheikh wala mgeni. Humaid akainywa yote, akaiinamisha kidogo watu waone imekwisha, akairudisha. Ndipo Sheikh akapewa, na baada ya Sheikh wageni, kuanzia kuliani. Maana yake kila mtu aliijua bila kuambiwa: kahawa ni salama, nyumba ni salama, na mkono uliomimina hauna hila.

Leo ukiwasimulia vijana haya wanakutazama kama mtu aliyefufuka. Sabla zimekuwa kumbi za harusi. Viti vya rangi ya dhahabu, kiyoyozi cha kugandisha mifupa, chupa ya kubonyeza, vikombe vya karatasi. Mtu anaingia na simu sikioni, anawapungia watu mkono kama anafukuza nzi, anakaa popote anapopata. Kukaa popote. Zamani mtu alijua nafasi yake kabla hajavua viatu, na akikosea, alijikuta mlangoni kando ya viatu.

Mimi sikusoma sana. Shule niliiacha Unguja nikiwa darasa la sita, na yaliyobaki nimejisomea mwenyewe katika vitabu vilivyoachwa na walimu wa kigeni walipokuwa wakirudi kwao. Vingi vilikuwa habari za nyumba za wafalme wa Ulaya, kwa sababu ndivyo watu wanavyovitupa. Nimesoma kwamba huko Ufaransa mfalme akivua nguo alale, alichaguliwa mtu mmoja wa kushika mshumaa, na watu wenye mashamba na majumba waliugua kwa kuwa mshumaa amepewa jirani. Mabibi wakubwa waligombania kigoda kisicho na mgongo, nani ana haki ya kukikalia mbele ya malkia na nani asimame mpaka miguu ivimbe. Niliposimulia haya sablani watu walicheka. "Wazungu wana wazimu," alisema mmoja. Aliyesema alikuwa hasemi na ndugu yake tumbo moja kwa miaka mingi, kwa sababu ndugu yake hukaa nafasi mbili juu yake.

Humaid hakucheka. Tulipotoka aliniuliza, "Ustadh, huyo mwenye mshumaa, siku mfalme akimpa mwengine, yeye alikwenda wapi?"

Nikamwambia kitabu hakikusema.

Humaid ni mtu wa Wete, Pemba. Alifika Oman katika miaka ya sabini na mama yake na sanduku la bati, kijana mrefu mwembamba, Kiarabu chake cha chuoni tu, cha kusomea Kurani, si cha kununulia mkate. Watu wa hapa walimwita Zanjibari kwa namna ya kuvuta pua. Asili ya ukoo wake ilikuwa Ibra, kwa hivyo jamaa mmoja akampeleka kwa Sheikh Hud kumtafutia kazi. Siku hiyo sabla ilikuwa imejaa watu wa koo mbili za milimani, upande wa Dima wa Tayyin, waliomwagiana damu kwa ajili ya maji ya falaji, mfereji wao wa kunyweshea mitende. Sheikh alikuwa amewaita wapatane. Kahawa imeletwa, imemiminwa, na hakuna anayenyoosha mkono. Kila upande unautazama mwengine. Humaid alikuwa ametoka Maskati tangu alfajiri juu ya lori lililo wazi, na koo limemkauka. Akaona finjani imejaa na mmiminaji kaishika hewani. Kwao Wete, kwenye baraza ya kahawa, aliye karibu ndiye anayechukua. Akaichukua, akainywa kwa mkupuo mmoja, akasema "Alhamdulillahi" watu wote wakamsikia.

Jamaa aliyemleta alinihadithia kwamba alianza kutafuta viatu vyake kwa macho. Sheikh akamtazama yule kijana, akawatazama wageni, kisha akacheka mpaka akajifuta machozi.

"Zanjibari amekunywa kwa niaba yenu nyote," alisema, "na mnamwona, hajafa. Sasa kunyweni."

Wakanywa. Kabla ya magharibi walikuwa wamepeana mikono. Tokea siku hiyo Humaid akawekwa kushotoni, na finjani ya kwanza ikawa yake.

Hakuwa na cheo chochote. Alimwendeshea Sheikh gari, alimsomea barua za Kiingereza siku hizo ambapo hapa waliojua Kiingereza walihesabika kwa vidole, alimkumbusha majina ya watoto wa wageni. Lakini wakubwa wakija kutoka Maskati walimuuliza yeye kwanza: Sheikh kaamkaje leo? Mwenye shida ya kiwanja, ya mtoto kutaka kazi, ya mke kurudi kwao, alipita kwa Humaid ajue lini aseme na lini anyamaze. Alioa hapa hapa, mke wake Badria, mkunga, naye ni wa kwetu. Humaid hakujenga jumba, hakufungua duka. Alichokuwa nacho duniani ni nafasi ile ya zulia, upana wa mtu mmoja. Akiwa pale alikuwa Humaid wa Sheikh Hud. Akitolewa pale alikuwa Mpemba fulani aliyekuja na sanduku la bati. Alilijua hilo, na Badria alilijua, na Mahrous alilijua kuliko wote.

Mahrous alikuwa msimamizi wa wageni, mtu wa makamo, mzaliwa wa Maskati, mama yake mtu wa Ng'ambo, Unguja. Kiswahili chake kizuri, cha mama yake, chenye adabu zote. Kila akimwona Humaid alikuwa wa kwanza kusema shikamoo. Alimshika mkono kumshusha ngazi hata pale ambapo hapakuwa na ngazi. Nilipata kumwambia Humaid ajihadhari naye.

"Kanikosea nini?" aliniuliza.

"Hajakukosea kitu. Ndiyo maana nakwambia."

"Vitabu vyako hivyo, Ustadh, vitakufanya umwogope hata paka."

Sheikh sasa alikuwa amezeeka sana. Wanawe wanakaa Maskati, na mkubwa wao, Khalaf, ndiye aliyetarajiwa kumrithi. Nyumbani alibaki na binti yake Azza, mjane, aliyeshika nyumba ya ndani. Mwaka juzi, mara kwa mara, Sheikh na Humaid wakawa wanaondoka asubuhi kwa gari kwenda Maskati, wanasema wanakwenda kumtazama Khalaf. Hawakuwa wakienda kwa Khalaf. Haya Humaid mwenyewe alinieleza, lakini baadaye sana, wakati yalikuwa hayamsaidii tena. Walikuwa wakienda hospitali. Sheikh alikuwa na uvimbe ndani ya tumbo. Daktari alitaka kupasua, Sheikh akakataa. Daktari akasema basi angalau kahawa aiache kabisa. Humaid alimwomba mbele ya daktari, alimshika magoti. Walipotoka, wakiwa ndani ya gari, injini haijawashwa, Sheikh alimwambia:

"Nikiacha kahawa katika sabla yangu, siku ya pili wote watajua nakufa. Siku ya tatu watakuwa kwenye sabla ya mwengine. Mimi sitaki kufa katika chumba kitupu. Niapie hutosema kwa mtu, hata kwa mkeo, hata kwa mwanangu."

Humaid akaapa.

Kwa hivyo Sheikh aliendelea kunywa kila alasiri mbele ya watu, na kila alasiri baada ya kahawa mkono wake ulikwenda tumboni, akauficha chini ya joho. Watu waliona. Katika nyumba kama ile watu hawana kazi nyengine ila kuona.

Kosa la Humaid lilikuwa utani.

Ilikuwa siku za Idi, sabla imejaa wageni wa Nizwa na Manah. Humaid amekwisha kunywa, Sheikh amekwisha kunywa, na mkono wa Sheikh umeshaingia chini ya joho. Mahrous alikuwa amekaa upande wa pili, akamwita kwa Kiswahili, kwa sauti ya furaha, kama tunavyoitana sisi kwa sisi.

"Ami Humaid, kila mtu humu anazeeka ila weye. Sheikh wa watu tumbo halimpi raha, na weye unayeanza kunywa huumwi hata jino. Hebu tuambie, nyie Wapemba mnafuga nini huko?"

"Tunafuga Waunguja," Humaid akajibu. "Tunawalisha ubwabwa, wananenepa, hawana habari."

Sisi tunaojua lugha tukacheka. Anayetoka visiwani anajua: Mpemba hutaniwa uchawi tangu yuko tumboni, naye huitikia kwa kujisifu, na hakuna anayeumia. Ni kama chumvi.

"Na Sheikh je?" akauliza Mahrous. "Naye umemfuga?"

"Huyo zamani. Nimemtia chupani na kizibo nimekigongomea. Unadhani kwa nini kahawa haimpiti kooni mpaka ipite mkononi mwangu?"

Tukacheka tena. Mgeni mmoja wa Nizwa, mzee wa heshima, akauliza kwa Kiarabu tunacheka nini. Mahrous akaweka finjani yake chini. Uso wake ulikuwa umebadilika, ule uso wa furaha umekwenda. Akamtafsiria neno kwa neno, polepole, kama shahidi mbele ya kadhi. Alisema, Humaid anasema amemtia Sheikh ndani ya chupa zamani, na ndiyo maana kahawa haipiti kooni mwake isipopita mkononi mwa Humaid. Hakuongeza kitu. Hakupunguza kitu.

Hakuna aliyecheka. Utani ulivuka kutoka lugha moja kwenda nyengine, na kule ng'ambo ulifika peke yake, bila kicheko kilichoondoka nao. Humaid alianza kueleza. "Ni mzaha tu. Sisi kwetu, mtu wa Pemba na mtu wa Unguja..." Kiarabu chake, kilichokuwa kimepatanisha watu na kuombea watu, kilimwishia pale pale. Jaribu wewe kumweleza utani mtu asiyeujua. Kila neno unaloongeza linafanana na kujitetea.

"Sihiri haina mzaha," alisema mzee wa Nizwa.

Sheikh alikuwa amesikia.

Wiki ile finjani zilianza kurudi zimejaa. Mgeni akipewa kahawa, anaigusisha midomo, anaitikisa finjani kama desturi ya mtu aliyetosheka, anairudisha. Mmiminaji anaimwaga ndani ya bakuli la maji. Mwanzo mtu mmoja, kisha watu watatu, kisha upande mzima wa kulia. Humaid aliona bakuli limegeuka rangi. Alikaa pale pale kushotoni, akanywa yake yote, akaiinamisha waione, na watu wakatazama mazulia.

Badria alikuwa amekwenda soko la wanawake la Jumatano. Alirudi kikapu kitupu, akakaa mlangoni bila kuvua viatu.

"Mke wa muuza udi kamvuta mjukuu wake nyuma ya buibui nilipopita," alimwambia mumewe. "Mtoto yule mimi ndiye niliyemzalisha mama yake. Umefanya nini huko?"

"Nimetania."

"Na nani?"

"Na Mahrous."

"Basi umekwisha." Akavua viatu. "Zile safari za Maskati mlikuwa mkienda wapi?"

"Kwa Khalaf."

"Mke wa Khalaf kaniuliza mwezi uliopita kwa nini mkwewe haji kuwatazama."

Humaid akasimama, akaenda kutia udhu, na haukuwa wakati wa sala. Badria hakuuliza tena. Alimwambia tu, akiutazama mgongo wake, kwamba binti yao Abeer yuko Sur na mumewe, nyumba ina chumba, na watu wenye akili huondoka kabla ya kuondolewa. Humaid akamjibu kwamba Sheikh anamjua, na mtu anayemjua mtu kwa umri mzima hawezi kumwacha kwa maneno ya chupa.

Siku chache baadaye Azza alimwita kwenye mlango wa jikoni, nyuma ya nyumba.

"Ami, wewe ulinibeba begani nikiwa mtoto. Nataka nikuulize na unitazame."

"Uliza, binti yangu."

"Baba anatapika. Anakula vizuri, analala vizuri, lakini kila siku baada ya sabla anatapika. Unajua nini?"

"Muulize baba yako."

"Nimemuuliza. Amesema nikuulize wewe."

Humaid aliniambia kwamba aliyasikia maneno yale, akayasikia tena. Sheikh ndiye aliyemfunga mdomo kwa kiapo, na sasa Sheikh huyo huyo anamwelekeza binti yake kwenye mdomo uliofungwa. Hakuweza kujua kama mzee kasahau au kakumbuka vizuri sana.

"Basi mwambie baba yako sina la kusema," alijibu.

Azza akashika mlango. "Sijui kama unajua, ami, kwamba hilo ndilo jibu baya kuliko yote uliyoweza kunipa." Akafunga mlango, polepole, bila hasira, na hilo lilimtisha Humaid zaidi.

Alhamisi iliyofuata sabla ilijaa kuliko siku za Idi. Walikuja hata wale wanaokuja kwa mazishi tu. Hakuna aliyekuwa ameitwa. Katika vitabu vyangu ni hivyo hivyo: siku mtu atakapoangushwa, ukumbi hujaa tangu mapema, na ukiwauliza watakwambia walikuwa wanapita. Khalaf alikuwa amekuja kutoka Maskati, amekaa kuliani kwa baba yake. Mimi nilikaa nafasi yangu, katikati, upande wa dirisha. Humaid alikuwa kushotoni, kavaa kanzu mpya.

Dele likaingia. Mmiminaji akamimina, akainama kumpa Humaid. Sheikh akanyoosha mkono na kuipokea finjani njiani. Hakumwaga tone. Akaishika hivyo mbele ya kifua chake.

"Mahrous," alisema. "Njoo ukae hapa."

Hapakuwa na nafasi pale. Kushotoni alikuwepo Humaid. Hakuna aliyemwambia Humaid ainuke, na Sheikh hakumtazama. Mahrous alikuwa ameshasimama mbele yake, mikono ameifunga kwa heshima, anangoja, kama mtu anayesubiri mlango ufunguliwe. Humaid akainuka. Magoti yake yalilia, tulisikia wote. Mahrous akakaa mahali pale, kwenye mto ambao bado ulikuwa na shimo la mgongo wa mwenziwe, akapokea finjani kutoka mkono wa Sheikh, akanywa.

Humaid akateremka chumba. Ni chumba kirefu. Kila alipofika, mtu alilitandaza joho lake kidogo upande wa pembeni, au alisogeza goti, na nafasi iliyokuwepo ikawa haipo. Nami nilisogea kumpa pahala karibu yangu, akatikisa kichwa bila kunitazama, akapita. Alifika mlangoni akakaa kwenye ukingo wa zulia, kando ya viatu. Alibaki pale mpaka chetezo cha udi kilipopitishwa, kwa sababu kuondoka kabla ya udi ni tusi kwa mwenye nyumba. Mtoto wa mgeni mmoja akapita na chetezo, akamruka.

Nilimtazama Sheikh wakati wote. Alipewa finjani yake akanywa yote. Jasho lilimtoka kipajini, na mkono wake wa kushoto ulibaki juu ya goti mbele ya watu, haukwenda tumboni. Sijui alitumia nguvu gani. Watu waliona kwamba leo Sheikh hakuumwa, na kwamba leo kahawa haikupita mkononi mwa Humaid. Nilisikia mtu nyuma yangu akisema, "Mmeona?"

Wakahamia Sur. Abeer na mumewe, kijana anayefanya kazi bandarini, waliwapa chumba cha mbele. Nilikwenda kuwatazama kila nilipopata gari. Humaid alikuwa akikaa na runinga inayozungumza peke yake. Wajukuu wanasema naye Kiswahili chao cha kuokota, "babu yangu nataka enda nje", na yeye hawasahihishi. Zamani angewasahihisha. Ndipo aliponieleza habari ya hospitali na kiapo. Nilimwambia aseme sasa, amwambie Khalaf, amwambie Azza.

"Na yeye yu hai?" alisema. "Wataondoka wote sablani. Atakufa peke yake."

"Alikuuza, Humaid."

"Alikuwa hana kingine cha kuuza."

Sheikh Hud alifariki kabla ya mvua. Chumba kilikuwa kimejaa. Siku ya pili ya tanga alikuja daktari kutoka Maskati kutoa rambirambi, na yeye hakuwa amemwapia mtu chochote. Alimwambia Khalaf mbele ya Azza kwamba marehemu alikuwa mvumilivu wa ajabu kwa mtu mwenye uvimbe ule, na ni bahati mbaya alikataa kupasuliwa, ingawa yule mzee mrefu aliyekuwa akimleta alimlilia na kumshika magoti. Mtumishi wa ndani ndiye aliyetoka na habari hiyo, akamwambia Badria peke yake kwa simu. Ilifika Sur kabla ya jioni, na asubuhi yake Khalaf alimpigia Humaid simu akimtaka aje Ibra.

Nilimwendesha mimi. Njia nzima alikuwa ananyoosha kola ya kanzu. Badria alikuwa amemwambia asiombe kitu, akae kimya mpaka aombwe yeye radhi, na yeye alikuwa amekubali, lakini mimi niliona midomo yake inafanya mazoezi ya kusema.

Khalaf hakumpokea sablani. Alimpokea katika chumba kidogo cha pembeni, chenye meza na kiyoyozi, akaniruhusu nikae kwa sababu hakuniona kama mtu wa kuhesabika.

"Ami Humaid, daktari ametueleza."

"Mungu amrehemu baba yako."

"Ulijua wakati wote."

"Nilijua."

"Kwa nini hukusema?"

"Aliniambia nisiseme."

Khalaf akainamisha kichwa. Nadhani hapo alikuwa mkweli. Humaid naye hakungoja radhi.

"Nina ombi moja, Sheikh. Sitaki kukaa kushotoni kwako. Umri wangu umepita. Niite leo alasiri mbele ya watu, unipe finjani ya kwanza mara moja tu. Nikishakunywa nitarudi Sur na hutoniona tena."

"Nikifanya hivyo nitakuwa nimewaambia watu kwamba baba yangu alimdhulumu mtu naye anajua. Bado wanakuja kumlilia, ami."

"Basi wiki ijayo."

"Wiki ijayo watakuja wengine."

"Mke wangu akipita, watu wanavuta watoto wao pembeni."

"Najua. Azza ameniambia. Tumehuzunika." Khalaf aliipanga kalamu yake juu ya meza ikae sawa na ukingo. "Ulimfichia siri yake akiwa hai. Nifichie mimi hii akiwa kaburini. Mkweo yuko bandarini, siyo? Mume wa Abeer. Nimeuliza habari zake, wanasema ni kijana mzuri. Ningependa kazi yake iende vizuri."

Alisema kwa upole. Humaid alimtazama, kisha akatazama dirisha, ambalo lilikuwa na pazia. Akasema "Inshallah", neno hilo tu, akasimama. Khalaf naye akasimama akambusu kipajini kama mtoto anavyombusu baba.

Nje, Mahrous alikuwa anangoja kwenye jua. Alikuwa amekonda. Alituandama mpaka garini na akamfungulia Humaid mlango.

"Shikamoo, ami."

"Marahaba."

"Kakuita kwa nini?"

Humaid akakaa, akavuta kanzu yake ndani.

"Ami, weye mtu wa kwetu. Jana alasiri kahawa imeletwa, kainywa yeye mwenyewe kwanza. Juzi pia. Kaniacha nimekaa pale na mikono mitupu mbele ya watu. Kuna mtu kamleta kutoka Maskati, kijana, simjui ukoo wake, kamkalisha kuliani." Sauti yake ilikuwa imeshuka. "Kanitaja humo ndani? Kasema nini juu yangu?"

"Hakukutaja," alisema Humaid.

"Hata kidogo?"

"Hata kidogo."

Mahrous akabaki ameshika mlango wa gari, anamtazama Humaid aone kama anasema kweli. Alikuwa anasema kweli. Mahrous akaufunga mlango taratibu.

Tulitoka Ibra tukashika njia ya Sur. Tukaacha nyumba za mwisho. Humaid akaniambia nisimamishe gari kando ya barabara, nimpigie simu mkwewe kazini, nimuulize tu yuko salama, na kama kuna mtu yeyote kamwita leo. Nikapiga. Simu ikaita mpaka ikakatika.

"Piga tena," alisema Humaid.

Nikapiga tena.